Vaileth Mwambene na Swali la Nani Alilala Humu

Mara ya kwanza kumwona marehemu ilikuwa Alhamisi, tarehe 3 Machi 2011, mashariki mwa London. Nilikuwa natoka kazini kuosha mabasi, nikakuta mtaa umefungwa kwa utepe na nyumba niliyokuwa nalala inaungua. Yeye alikuwa amevaa koti la njano la kaunsili, yaani halmashauri ya mtaa, anaongea na Francis, ndugu yetu wa Mbeya aliyepangishwa nyumba ile na kaunsili. Nikamuuliza Francis, Victor yuko wapi? Francis akatazama chini. Yule mama akanigeukia, akasema kwa Kiswahili, "Victor ni nani, kaka?" Nikamwambia ni mwenzetu, anafanya kazi za usiku, mchana analala chumba cha nyuma. Alimkimbilia kamanda wa zimamoto. Victor alitolewa akiwa ameshafariki.

Marehemu Vaileth alizaliwa tarehe 17 Agosti 1974, Masoko, wilaya ya Rungwe, mtoto wa tatu wa Mzee Lusekelo Mwambene na Mama Tumwitike. Alisoma shule ya msingi hapo hapo Masoko, kisha sekondari ya wasichana Loleza, Mbeya. Mwaka 1998 alikuja London kusoma mambo ya afya, akiwa anahudumia wazee ili ajilipie ada.

Mwaka 2005 aliajiriwa na kaunsili katika kitengo cha dharura na maafa. Wengi mlikuwa mnamuuliza hasa anafanya nini, maana moto hazimi na mgonjwa hatibu. Nyumba ikiungua, maji yakiingia au gesi ikivuja, kitengo hicho ndicho kinachofungua ukumbi, kinatafuta vitanda, maziwa ya watoto na dawa za wazee. Na ndicho kinachouliza nani hajaonekana. Zimamoto wanaingia ndani kwa kufuata jibu hilo.

Siku ile ya moto aliuliza kama alivyofundishwa: nani anaishi hapa? Francis akajibu ni yeye, mkewe na watoto wawili. Mkataba wake ulikuwa wa watu wanne, na kaunsili wangejua amekaribisha wengine wangemtoa. Hivyo ndivyo tulivyoishi wengi wetu. Mtu akitoka nyumbani unampa pa kulala mpaka apate kwake, na afisa akija unasema hakuna mtu. Francis alidhani Victor ameshatoka. Ndivyo alivyosema tangu siku ile, na mimi namwamini.

Uchunguzi wa kifo cha Victor ulipofika mahakamani, wakubwa wa Vaileth walimshauri aseme alidanganywa. Ilikuwa kweli, na ingemlinda kazini. Ila ingeitupa familia ya Francis barabarani. Alisimama akasema, "Nilimuuliza swali la kumkagua mpangaji, nyumba inaungua. Tena nilikuwa nimevaa koti la kaunsili. Mimi ningekuwa yeye ningejibu hivyo hivyo." Francis hakufukuzwa. Marehemu aliondolewa kazi za nje, akawekwa ofisini zaidi ya miaka miwili. Wapo waliomwambia usoni kwamba anamkingia muuaji. Aliwasikiliza, kisha akawauliza kwao wanalala wangapi.

Mimi na marehemu tulifunga ndoa tarehe 14 Septemba 2013, Kilburn. Siku hiyo, kabla ya kucheza, bibi harusi alizunguka ukumbi kujaribu kila mlango wa dharura akiwa na shela lake. Shangazi yake Placida akamwambia, "Mwanangu, leo wewe ndiye unayetazamwa, siyo milango." Akajibu kwamba mmoja haufunguki. Ikabidi wazee wahamishe viti vilivyouziba ndipo keki ikatwe. Mungu alitujalia binti mmoja, Lilian. Mama yake akimsemesha Kiswahili, yeye anajibu Kiingereza, na walielewana kuliko watu wowote.

Aliporudishwa kazi za nje alikuwa ameshabadili namna yake. Alivua koti. Alisalimia kwanza, salamu kamili, hata kama nyuma yake kunaungua. Kisha aliuliza nani alilala humu, siyo nani anaishi. Aliwabana wakubwa wake mpaka wakakubali jibu hilo lisipelekwe idara ya nyumba. Mwaka 2021 mvua ilipojaza maji vyumba vya chini, mama mmoja mwenye duka, Bi Usha, alimnong'oneza kwamba chini yupo mtumishi wao. Mtumishi huyo alitolewa mzima. Watu walipompongeza, marehemu alisema huyu hamrudishi yule. Hakusahau. Kila Machi alikuwa akimpigia simu mama yake Victor kule Chunya, na baada ya simu hakula siku nzima.

Mwezi Februari 2024 alianza kuumwa tumbo, akagundulika ana saratani ya kongosho. Alitibiwa, akapata nafuu kidogo, ikarudi. Maumivu yalikuwa makali na sitasema hayakuwa hivyo. Alifariki Jumanne, tarehe 11 Novemba 2025, hospitalini, akiwa na miaka 51.

Ameacha mume, mimi Samson, binti yetu Lilian, mama yake mzazi huko Masoko, kaka wawili, na Shangazi Placida aliyempokea na kumlea hapa mjini. Mungu ampe pumziko alilolikosa miaka mingi, alale kwa amani.

Haya niliyoyasema juu ya Francis, yeye mwenyewe ameyasoma kabla yenu, akaniruhusu. Tangu moto ule hajawahi kukaa nasi msibani wala harusini. Anafika, anasimama mlangoni, anaondoka kabla ya chakula. Jumapili ya mwisho marehemu alinishika mkono. Sauti ilikuwa imekwisha, nikainama.

"Francis atakuja asimame nje," aliniambia. "Mfuate, Samson. Mlete akae na wafiwa."