Shaba Yenye Harufu ya Kanisa

Leandra, funga huo mlango, uiegemeze bunduki ukutani, na zile risasi ulizotia kwenye mfuko wa koti uziweke hapa juu ya blanketi langu, polepole, kama unayepanga mayai. Hapana, mjukuu wangu, huendi kuijaribu bunduki jioni hii. Najua jua linakimbia, najua kesho msimu unafunguliwa na tandala wako wa kwanza yuko kule korongoni na pembe zake za kujivunia. Mwache asubiri, hana miadi kwingine. Oupa wako, babu yako huyu, ameshika ganda moja la risasi mkononi, amelinusa, na hakupenda alichonusa.

Na ninyi wawili, Kobus na Magriet, vuteni viti. Karibu zaidi. Sina pumzi ya kupiga kelele, na mnajua wenyewe kwamba Gert Cloete asiyepiga kelele ni mtu anayekufa kweli. Daktari amewaambia bado nina wiki kadhaa, lakini yule ni kijana mwenye haya, hawezi kumwambia mzee "leo" mbele ya watoto wake. Haya basi ndiyo maneno yangu ya mwisho, na nilikuwa nimeyapanga vizuri sana: yaanze na mbuzi, yapite kwenye shamba, yafike kwenye baraka, mlie kidogo, kahawa iletwe. Harufu hii imenivurugia mpango wote. Mbuzi watangoja. Tunaanza na shaba.

Nilisema, nikiwa na akili timamu au karibu na hapo, kwamba karakana ya nyuma ya nyumba, na kila chombo kilichomo cha kutengenezea risasi, vitakwenda kwa yule atakayemsafishia Leandra maganda ya kesho vizuri kuliko mwenziwe. Nilidhani nimeweka shindano. Kumbe nimeweka vita. Mnadhani ukuta huu ni mnene? Nimewasikia jana mkirushiana maneno kama wauza samaki. Wewe Kobus ukamwambia dada yako, "Hayo ni maganda au meno ya mvuta kiko?" Naye akakujibu, "Na hayo yako ni risasi au hereni za bibi harusi? Utamwua tandala au utamposa?" Nilicheka mpaka kifua kikanikaba, nikalala nikiwaza kwamba nyumba hii itabaki na watu wachangamfu. Sikujua mmoja wenu ameondoka pale na donge rohoni, akaenda kabatini.

Nipeni maji. Kidogo tu.

Sasa sikilizeni, kwa sababu hili sitalirudia. Ganda la shaba halisafishwi ili lipendeze. Linasafishwa ili mchanga na masizi visikwaruze chemba ya bunduki, na ili macho yako yaone ufa kama upo. Basi. Chochote unachokitia kwenye kipipa cha kusafishia kikazunguka pamoja na maganda, jiulize kwanza: kitaacha nini nyuma yake? Mchele ni rahisi, kila jiko linao, lakini punje hukwama kwenye kile kitundu kidogo cha moto kitakoni, na fataki, kile kidude cha kuwashia baruti, ikilipuka moto hauna pa kupita. Maganda ya jozi yaliyosagwa ni makali, hung'oa uchafu wa miaka, ila huacha vumbi kila mahali. Magunzi ya mahindi yaliyosagwa ni mapole, huchukua muda wake, hayakupi kioo cha kujitazamia, lakini hayana hila. Pini za chuma cha pua, zikizungushwa na maji na sabuni, hufika ndani na nje mpaka ganda linaonekana limetoka kiwandani asubuhi hiyo. Kila kimoja kina kazi yake, nami nimevitumia vyote. Na vumbi lile kavu, wanangu, lina sumu ya fataki ndani yake, kwa hiyo kipipa kifunguliwe nje, upepo ukiwa mgongoni, mikono ioshwe kabla ya mkate. Magriet, nimeona chekecheo la unga likikauka uani. Usiniambie ulichekechea magunzi nalo. Usiseme kitu. Linunuliwe jingine, na mimi sitaki mkate wa leo.

Kobus, acha kucheka, wewe ndiye wa kwanza. Leta bakuli lako. Yaa, yanang'aa, hata mimi mwenye macho ya ukungu nayaona toka hapa. Chukua lile lililo juu, uligeuze, uligonge kwenye kiganja. Hakuna kilichotoka? Washa tochi, uchungulie ndani. Haya, mwambie dada yako unaona nini. Sema kwa sauti. "Pini mbili, Pa, zimekingamana shingoni." Zimekingamana shingoni! Kwa hiyo ungejaza baruti juu yake, ukafunga kichwa cha risasi, na kesho mtoto huyu angevuta kifyatulio huku chuma kikisafiri ndani ya mtutu wa marehemu baba yangu. Ulizungusha, ukaosha, ukakausha, ukapiga picha ukawatumia rafiki zako. Kuchungulia ndani ukasahau. Maganda yako hayana kosa, mwanangu; kosa ni la macho yaliyoridhika na nje. Utakaa na tochi hiyo na utachungulia moja baada ya jingine.

Magriet.

Usijifunike uso, nakujua toka ukiwa na urefu wa goti langu. Hili ganda nililoshika limetoka kwenye bakuli lako. Limeng'aa kuliko magunzi yanavyoweza kung'arisha. Ndani yake kuna unga wa gunzi umegandamana, na ule unga unanuka Jumapili. Unanuka vinara vya madhabahuni, asubuhi, kabla waumini hawajaja. Ulitia ile dawa ya chupa iliyo kabatini, ya kung'arishia vinara vya kanisani, kwenye magunzi, sivyo? Vijiko vingapi, sijali. Ulitaka meno ya mvuta kiko yawe meupe.

Wacha kwanza nimalize, utalia baadaye, na utakuwa na sababu mbili.

Dawa ile ina amonia. Kwa kinara haidhuru, kinara kazi yake ni kusimama na kushika mshumaa. Lakini ganda la risasi hupigwa na moto na mgandamizo kwa kufumba na kufumbua, na shaba iliyolambwa na amonia huoza kwa ndani bila kukuonyesha hata mkwaruzo. Nje dhahabu, ndani biskuti. Unaifyatua, kitako kinapasuka, na ile gesi yote iliyotakiwa kwenda mbele kwa mnyama inarudi nyuma, na nyuma, Magriet, kuna shavu la binti yako. Na risasi hizi zilizo juu ya blanketi langu, ambazo zilikuwa mfukoni mwake dakika chache zilizopita, umezitengeneza kwa maganda yale yale. Ndiyo. Sasa lia.

Mnamjua baba yenu mdogo Andries kwa jina na kwa picha moja ile yenye kitambaa juu ya jicho. Mmeambiwa alijaza mchanga kwenye mtutu kwa uzembe, akajiumiza mwenyewe, akaondoka kwa hasira kwenda Walvis Bay asirudi. Hivyo ndivyo marehemu baba yangu alivyosema mpaka anaingia kaburini. Baba alikuwa mzee wa kanisa, yeye ndiye aliyeng'arisha vinara, na dawa iliyobaki hakupenda ipotee, akaimwagia kwenye maganda ya jozi ndani ya kipipa. Andries alimlenga choroa karibu na kisima. Mimi nilikuwa nimebeba maji nyuma yake. Niliona mlipuko ukitokea mahali usipopaswa kutokea. Choroa alisimama akatutazama, akaenda zake akitembea. Baba hakulitazama ganda hata mara moja, alimtazama Andries akamwambia, "Umeniharibia bunduki." Jicho halikutajwa. Kwa hiyo eneo lote la malisho lenye pampu ya upepo, toka uzio wa kusini hadi barabara, ni la Andries na watoto wake. Si zawadi. Ni lake. Kobus utampelekea habari kwa mdomo wako mwenyewe, usitume ujumbe wa simu, na akikutukana utakaa umalize kahawa yake ndipo uondoke.

Maji tena... Hapo, asante.

Mbuzi mgawane nusu kwa nusu. Beberu mweusi asiuzwe, ana tabia kama yangu, mtanikumbuka mkimwona. Nyumba ni ya Magriet. Gari ni la Kobus, na breki zake pia ni zake, Mungu amsaidie.

Karakana. Nilitaka kumpa mmoja. Nimebadilisha, na mnaweza kunishtaki mkinikuta huko niendako. Ni ya wote wawili, na hakuna risasi itakayotoka mle kabla ganda lake halijapita kwa Magriet anayesafisha na kwa Kobus anayechungulia. Mkigombana, kufuli, hakuna mtu kuwinda, mle kuku.

Sasa fanyeni hivi, na mfanye hapa, mbele yangu. Leandra, lete lile tofali la chuma la karakana na nyundo. Ziwekeni sakafuni karibu na kitanda. Risasi hizi zilizojazwa zisiguswe kwa nyundo, mnanisikia? Hizi Kobus atazifungua kesho, atoe baruti na fataki, ndipo zifuate njia ya wenzao. Lakini maganda matupu ya bakuli la Magriet yapondwe sasa, yote, mpaka yawe bapa, mtu yeyote asije akayaokota siku moja akasema, "Tazama yanavyong'aa." Magriet atashika. Kobus atapiga. Ndiyo, vidole vya dada yako, na ndiyo, nyundo ni yako. Kwa mara moja katika maisha yenu mtazame mnachokifanya.

Piga. Vizuri. Piga.

Leandra, njoo upande huu. Chini ya kitanda kuna bati la biskuti. Lifungue. Usicheke. Najua, risasi zangu ni za kahawia kama viatu vya padri mstaafu. Maganda yake yalisafishwa kwa magunzi peke yake, na mimi mwenyewe nilichungulia kila moja kabla sijajaza, wakati mikono ilikuwa bado inanitii. Kesho utatumia hizo. Kaa chini ya upepo, lenga nyuma ya bega, na kama mkono unatetemeka, mwache aende, wapo wengine. Akianguka, ini lake wa kwanza kula awe mama yako, kwa sababu leo ameumia kuliko sisi sote.

Mbona nyundo imesimama? Nani kawaambia mpumzike? Pigeni.

Mungu awape macho ya kutazama ndani ya vitu. Awape mikono isiyo na haraka. Mkichekana, mchekane mpaka machozi, kisha mle sahani moja... Nilikuwa na maneno mengine hapa, marefu, mazuri... yamekwenda. Ah, jeneza. Jeneza litakuwa na vishikio vya shaba, najua mtataka kujionyesha kwa watu. Msivipake ile dawa. Msije mkanidondosha mlangoni mwa kanisa, mkawapa watu cha kusimulia.

Bado lile moja. Lililo mkononi mwangu. Lichukueni. Vidole havifunguki... vifungue wewe, Leandra, taratibu, hivyo. Mpe mama yako alishike.

Haya, Kobus. Piga, mwanangu.

Piga basi... mbona hupigi? Sijasikia.