Saruji Ikauke Kwanza

Sogeeni, wanangu. Khamsaen, kaa upande huu ambao sikio bado linasikia, na wewe Wilai acha kulia, machozi utayahitaji mbele ya watu. Nimewasikia mkinong'onezana jikoni kwamba Bualai amerudi kutoka Bangkok, ana hela, na anataka kulipa deni ili shamba la mtoni lirudi kwetu. Mimi naumwa kifua, siumwi masikio.

Sikilizeni basi. Kukopa harusi, kulipa matanga. Bualai alipotaka mkopo wa ushirika anunue mashine ya kukoboa mpunga, alichagua kuja siku tuliyokuwa tukimfunga baba yenu nyuzi za baraka, kwa kuwa ametoka hospitali, Bualai naye akamfunga uzi wake mkononi, akaung'ang'ania mkono ule, ndipo akasema mbele ya wazee wote, "Kaka Bunthan, nidhamini." Nani atakataa, na uzi bado uko mkononi? Alijua anachofanya, mwanamke yule, na huo ukaka ulikuwa wa mdomoni tu. Kesho yake baba yenu, aliyekuja hata kunioa na nywele timutimu, alijipaka mafuta, akachana, ili aende kutia sahihi. Nikamuuliza, "Unadhamini au unaposa?" Akacheka. Mimi sijacheka mpaka leo.

Mashine ikafa, Bualai akatoroka, na bwana wa ushirika akaja kubisha hodi hapa, akatueleza kwa adabu zote kwamba mkopaji akishindwa, deni ni la mdhamini. Ndiyo yale ya wazee wetu: nyama hukuila, ngozi hukuikalia, mifupa umevishwa shingoni. Tukamuuzia jirani shamba la mtoni, tukalipa pamoja na riba. Bwana yule alisema pia kwamba tukishalipa, sheria inatupa haki ya kumdai Bualai kila baht. Baba yenu akataka kusamehe. Nikakataa. Khamsaen, wewe uliniona mchoyo. Si uchoyo, mwanangu, ni wivu, nasema wazi. Mwenye deni hana uso wa kuingia kwa anayemdai. Miaka yote ile hakukanyaga ua wangu, na siku ya kuuchoma mwili wa baba yenu alisimama nje ya lango la hekalu kama mpita njia. Nilimwona. Katika msiba ule, hilo tu ndilo lililonipoza roho.

Sasa akilipa atakuwa huru, ataingia hekaluni na uso mkavu. Nafasi ya majivu kando ya baba yenu, pale kwenye ukuta wa hekalu, ni moja tu, upande wa pili ni nguzo, na mtunza hekalu kaniambia Bualai ameshaulizia bei. Wilai, usitikise kichwa. Mimi siwezi kuilipia leo, hela yangu iko chama cha mazishi, nayo haitoki mpaka nife.

Shamba ni lenu, sitaki mlikose. Pokeeni hela yake, na riba, mkalikomboe, jirani amekubali. Lakini si leo, wala kesho. Nichomeni kwanza, mniweke pale ukutani, nafasi izibwe, saruji ikauke, ndipo mumfungulie mlango. Msimtukane. Mpeni maji ya kunywa, mwandikieni kwamba hadaiwi tena. Mwiteni shangazi, na msimwite zaidi ya hapo. Na mtu akija kuwaomba udhamini akiwa amewafunga uzi, fungueni uzi wake kwanza, ndipo mumjibu.

Leteni mikono. Nyuzi ziko chini ya mto. Khamsaen, mvua ikujie kwa wakati wake, ghala lako lisikauke. Wilai, mwanangu... upate mume asiyechana nywele kwa ajili ya mwingine. Mpendane. Fundo hili... vidole havishiki. Nikazie, Wilai. Hapo hapo.

Na ile saruji... muiguse kwa kidole kabla hamjamwita. Mmesikia? Ikauke kabisa.