Mkeka Aliopewa Lupe

Basi la Apia lilikuwa limejaa, na kwetu Samoa anayechelewa kupanda hupakatwa. Fuamai, mama mnene mwenye hasira usoni, alipakatwa na fa'afafine asiyemjua, mmoja wa wale wetu waliozaliwa wavulana wakaishi kike, ua jekundu sikioni.

"Samahani dada, mimi mzito."

"Kaa tu, mapaja ninayo."

"Unajua kufuma mikeka?"

"Najua."

Fuamai akaguna. "Mnajua nyote! Mdogo wangu Lupe ni mwenzenu. Mama anafuma mkeka mwembamba wa ukoo, ule wa heshima, mwaka wa tisa sasa. Macho yamemwisha, kampa Lupe aumalize. Na mimi binti yake wa kwanza nipo, mzima!"

"Wewe umefuma naye miaka mingapi?"

"Nilikuwa na shughuli zangu."

"Na Lupe?"

"Lupe alikuwa anakaa naye tu."

Miaka tisa ya kukaa tu. Mimi niliyekaa kando yao niligeukia dirishani nisije nikacheka.

"Leo naufuata mkeka wangu," akasema Fuamai.

"Utaumalizaje?"

"Nitajifunza."

"Kwa nani?"

"Usinichokoze, nimekukalia!"

Basi likasimama kwa mama yake. Nyumba zetu hazina kuta, kwa hiyo tuliona wote: mama na Lupe wameinamia mkeka, vichwa vinagusana, wanacheka.

"Mama, unashuka?" dereva akauliza.

Fuamai hakuinuka.

"Pale alipokaa Lupe," akasema, "palikuwa pangu."