Hakushindwa, Alikuwa na Tambuu Mdomoni

Wasikilizaji wapendwa, Pandit Hitnarayan Jha amefariki. Ni yule mwanazuoni wa kijijini kwetu Lohapatti, nyuma ya bwawa kubwa. Amefariki juzi asubuhi, kitandani kwake, akibishana mpaka pumzi ya mwisho.

Mmezoea kunisikia hapa nikisema marehemu alikuwa mtu wa watu. Leo sisemi. Pandit Hitnarayan hakuwa mtu wa watu. Alikuwa mchokozi, mwenye mdomo mchafu kwa maneno safi, na kijiji kizima kilikuwa kikimwona anakuja kinakumbuka ghafla kazi nyumbani. Nimezaliwa nyumba ya tatu kutoka kwake, kwa hiyo najua. Mara ya mwisho nilipokutana naye sokoni nilimwamkia kwa heshima zote. Akaniangalia juu mpaka chini, mbele ya wauza samaki.

"Wewe binti ndiye uliyetangaza mvua redioni?"

"Ndiyo, Pandit."

"Mvua yenyewe iko wapi? Neno la mtu wa kuaminika ni njia ya kujua. La kwako ni kelele tu yenye betri."

Wauza samaki walicheka. Mimi sikucheka, na hata leo sicheki.

Kazi yake maisha yote ilikuwa moja: kuuliza tunajuaje tunachokijua. Alifundisha Nyaya, elimu ya mantiki, kama baba yake na babu yake. Njia za kujua ni nne, alisema. Kuona na kuhisi. Kukisia kwa dalili, kama moshi unavyokuambia kuna moto. Kulinganisha. Na hilo neno la mtu wa kuaminika, ambalo mimi sinalo. Kaka yake, Pandit Muktinath Jha, alifundisha Mimamsa, elimu ya kufasiri maandiko matakatifu, upande wa pili wa ua uleule. Yeye alisema njia ni sita. Narudia, maana ugomvi wote umetoka hapa: mdogo alisema nne, mkubwa alisema sita.

Katika zile mbili za ziada, moja ndiyo iliyoivunja nyumba. Unajuaje kwamba kitu hakipo? Umeingia chumbani, chungu hakimo. Hitnarayan alisema unaona kabisa kwamba hakimo, kwa macho yako hayahaya. Muktinath alisema jicho haliwezi kuona kisichopo. Unajua tu kwa sababu hukukiona, na hiyo ni njia nyingine ya kujua, inayojitegemea. Najua mnachojiuliza huko mliko. Ndiyo hilo tu? Ndiyo, wasikilizaji wapendwa. Ni hilo tu.

Sasa nawapeleka kwenye harusi ya Sunaina, binti pekee wa Hitnarayan. Nilikuwepo. Wageni wa bwana harusi wamekaa chini kwa mistari, majani ya mgomba mbele yao, mchele uliopondwa ukawa bapa umeshapakuliwa, wanasubiri mtindi wa kumwagia. Hitnarayan akaingia stoo, akatoka, akasema, "Naona mtindi hakuna."

Mtu mwingine angetuma kwa jirani. Kaka yake akasema, "Huoni."

"Sioni nini, Kaka?"

"Huoni kwamba mtindi hakuna. Umeona sakafu. Mtindi hukuuona. Usiwadanganye wageni."

"Kaka, macho ninayo."

"Macho unayo. Akili ndiyo mtindi."

Mwanzoni wageni walifurahi. Kwetu harusi isiyo na mabishano ya wanazuoni ni harusi iliyopoa. Lakini wanaobishana huwa ni upande wa bibi harusi na upande wa bwana harusi. Hawa walikuwa upande mmoja! Waliitana mbuzi na punda mbele ya wakwe wa mtoto wao, na mtindi haukufuatwa na mtu. Mwishowe Hitnarayan akasimama akaitoa hoja yake mara moja. Akaitoa mara ya pili. Akaitoa mara ya tatu. Na sheria ya baraza la mabishano mnaijua: hoja ikisemwa mara tatu, watu wakaielewa, na mpinzani akakaa kimya, basi ameshindwa.

Muktinath alikaa kimya. Watu wakapiga makofi. Ndipo akageuka pembeni, akatema mate mekundu, akafuta midomo na kusema maneno ambayo Lohapatti haijapumzika nayo tangu siku ile.

"Sikushindwa. Nilikuwa na tambuu mdomoni."

Baba wa bwana harusi aliondoka na njaa yake. Sunaina alikwenda kwa wakwe akiwa ameshapewa jina, Binti wa Mtindi, na mama mkwe alilitumia mpaka wajukuu wakalijua. Nalisema hili kwa hasira. Wanaume wawili wenye vilemba, wenye vitabu vya kujaza chumba, walimfanyia hivyo mtoto wao, na hakuna hata mmoja aliyewahi kumwomba radhi. Wiki ileile ukuta wa mianzi ukasimamishwa katikati ya ua.

Kutoka hapo walisemezana kwa kupitia mianzi, na kwa matusi tu. Hitnarayan akiwa amefunga kula mchana kwa nadhiri, sauti ilitoka ng'ambo, kwa ile njia nyingine ya ziada, ya kujua jambo kwa sababu bila hilo mengine hayaelezeki: "Mchana hali, na tumbo linazidi! Basi usiku anakula!" Muktinath akipika samaki, huku nako ilitoka sauti: "Kuna moshi, basi kuna moto. Kuna harufu, basi kuna samaki. Kuna samaki na sijaitwa, basi kuna mchoyo!" Wanafunzi wao walikuwa wakicheka. Mimi niliyelala nyumba ya tatu nilitamani mianzi ile iwaangukie wote wawili.

Aliyeumia zaidi ni Shaila Devi, mke wa Hitnarayan. Kwa adabu zetu mke hamsemeshi kaka mkubwa wa mumewe, wala hamwonyeshi uso. Kwa hiyo mama yule hakuweza hata kwenda kupatanisha. Alikuwa akijifunika ushungi, anasimama karibu na mianzi, anamwambia ng'ombe: "Mwambie Baba Mkubwa wa Sunaina kuna embe za kachumbari hapa." Ng'ombe hakusema kitu, lakini bakuli liliondoka.

Hitnarayan alipougua, Sunaina alirudi kumuuguza. Sunaina hakuwa na kaka. Na mnajua, asipokuwepo mtoto wa kiume, kaka wa marehemu ndiye anayewasha moto wa kuchomea maiti. Binamu walijitolea. Mgonjwa akawafukuza.

"Moto wangu auwashe Kaka. Mwingine akinigusa nitanyanyuka."

Sunaina akaenda kwenye mianzi. "Baba Mkubwa, Baba anakuomba."

"Akiri kwanza kwamba sikushindwa."

Akarudi ndani na ujumbe ule. Baba yake akakusanya pumzi aliyobakiwa nayo.

"Mwambie alishindwa. Na tambuu lake pia lilishindwa."

Alikufa hivyo, wasikilizaji wapendwa. Hajakiri, hajasamehe, hajasamehewa. Shaila Devi aliniambia, "Nimeishi na wanaume wawili wanaojua kila njia ya kujua, na hawakujua kwamba mtu hufa."

Maiti ikalazwa uani, karibu na mrehani, kichwa kaskazini. Watu wakajaa. Jua likapanda na moto hauna wa kuubeba. Sunaina alikaa miguuni pa baba yake akiangalia ule ukuta wa mianzi, na nilimsikia akisema polepole, "Njoo, njoo, njoo." Nilimtukana Muktinath moyoni kwa matusi nisiyoweza kuyasema kwenye redio.

Akaja. Aliuzunguka ukuta kwa fimbo yake, amevaa kilemba cha baraza, kama mtu anayekwenda kubishana. Wanawake wakanong'ona kwamba amekuja kupatana. Hakuja kupatana. Alisimama kichwani pa mdogo wake na kuitoa hoja.

"Kutokuwepo hakuonekani kwa macho. Jibu."

Akagonga fimbo chini.

"Kutokuwepo hakuonekani kwa macho. Jibu, Hitu."

Sikuwahi kumsikia akimwita kwa jina hilo la utotoni.

"Kutokuwepo hakuonekani kwa macho! Jibu, wewe punda! Lini umewahi kuninyamazia?"

Mara tatu, na watu wote tumeelewa. Kwa sheria ya baraza Pandit Muktinath alikuwa ameshinda, na mzee mmoja nyuma yangu alilitamka hilo. Muktinath hakumsikia. Aliinama, akamfunua mdogo wake uso, akamtazama. Kisha akasema, kwa sauti ya mtu asiyebishana na yeyote:

"Naona hayupo."

Sunaina akainua kichwa. Ni mtoto wa nyumba ile. Alikuwa wa kwanza kuelewa. "Baba Mkubwa," alisema, "umesema unaona?"

Muktinath alifungua mdomo. Tulisubiri. Mdomo haukuwa na kitu ndani. Msibani hakuna anayetafuna tambuu. Akaufunga, na Sunaina akampa moto.

Wasikilizaji wapendwa, kama katika ua wenu kuna mianzi, nendeni mkaiangalie leo. Jiulizeni hoja iliyoisimamisha ilikuwa ipi, na kama anayejua kuijibu bado yupo. Haya nimeyaona kwa macho yangu. Mwenye kuamini neno langu na aamini.

Pole Shaila Devi, mama yetu. Pole Sunaina, na jina lako ni Sunaina.

Pole, Pandit Muktinath. Pole, Pandit Muktinath. Pole, Pandit Muktinath. Nimesema mara tatu. Ukikaa kimya, safari hii hakuna atakayehesabu.