Uwanja Uliofichwa na Stika

Kwenye basi la Obuasi kwenda Kumasi, Mwalimu mstaafu Lamptey alikuwa amefumba macho, lakini masikio hayana kope.

"Kaka, mchezo huu wa mpira haujazi kioo," mama wa kiti cha mbele, Dufie, alimwambia jirani yake huku akifungua laptopu ya ukumbi wake wa michezo ya video. "Kushoto weusi, kulia weusi. Nikaona nafasi isipotee bure, nikabandika stika."

Kushoto paliandikwa MUNGU NDIYE BOSI, kulia WIVU HAUJENGI.

Jirani, fundi mwenye mvi, alicheka mpaka akakohoa. "Mama, mchezo huu ni wa enzi za televisheni za chogo, zenye kioo chembamba. Haujui kwamba kioo kimepanuka."

"Usininenepeshee wachezaji! Fundi wa kwanza aliwavuta, wakawa kama mitungi."

"Sivuti, naongeza uwanja." Akaingia kwenye mipangilio, akachagua vipimo vya kioo, akaufungua mchezo upya, mechi ikaanza.

Lamptey, aliyezoea kuiita michezo hiyo upuuzi, akajikuta amesimama, anachungulia juu ya kiti. Nyasi zilitambaa hadi chini ya stika. Majukwaa yakajitokeza pande zote, yamefurika watu na bendera.

Dufie alishika kinywa. "Miaka sita, watu wote hawa walikuwa humu?"

"Walikuwemo. Sasa bandua stika, kipa haonekani."

"Nimbandue Mungu kwa ajili ya kipa? Asogee yeye!"

"Mama, goli halisogei!"

Basi likasimama. Utingo akapiga bati: "Kejetia! Mwisho, shukeni!"

"Subiri wewe!" Lamptey alimkemea bila kugeuka. "Mpira umepita nyuma ya Mungu, hatujajua kama ni goli."