Evaristo Tamburrini: Vifo Mia na Kumi na Viwili, na Sauti Moja

Baada ya miaka ishirini na mitatu ya kuuawa kwa bidii, ndugu Evaristo Tamburrini anastaafu uigizaji tarehe 30 Juni 1979, akiwa mzima wa afya. Chama chetu cha waigizaji na watia sauti hapa Roma kimeniomba mimi, Nazzareno Pucci, niandike wasifu wake, kwa kuwa katika filamu zake zote nilikuwa sauti yake. Yeye alitoa sura, mimi nikatoa maneno. Sura yangu mimi, loo, hata kamera huifumbia jicho.

Alianza mwaka 1956, askari wa nne katika filamu za Warumi wa kale, za mapanga na sketi fupi. Zilipokuja za farasi na bastola akabandikwa jina la Kimarekani, Dick Warfield, akawa anafia kwenye machimbo ya mawe nje ya mji. Kisha zikaja za wauaji wenye glavu nyeusi, halafu za polisi. Jumla, vifo mia moja na kumi na viwili. Katika kimoja nilimsemea muuaji na muuawa pia: nikajiomba huruma, nikajinyima.

Wenzetu mnajua kazi ilivyo. Sauti huingizwa baadaye studioni, basi waigizaji wadogo hawahangaiki kukariri. Huhesabu namba tu, midomo icheze. Evaristo alihesabu kwa uchungu mpaka wapiga picha wakatoa machozi.

Aliyekataa kudanganywa ni mama yake, Bi Quirina, sasa ana miaka themanini na minane. Kila filamu alitoka ukumbini amenuna: "Uso ni wa mwanangu, lakini hilo koo la mlevi ni la nani? Kazi gani hiyo, hata sauti yako hawaitaki?" Koo la mlevi ni mimi. Evaristo alicheka, ila iliniuma, maana nilijua alichotamani: mama amsikie walau mara moja kabla hajafumba macho.

Mwaka huu mwongozaji Gualtiero Persichini akamkubalia. Filamu ya kuagia, sauti yake mwenyewe, inanaswa papo hapo. Maneno yenyewe machache, ya kufia: "Mwambieni mama nilijitahidi." Aliyafanyia mazoezi wiki mbili, kwenye tramu, kwenye foleni ya mkate. Siku ikafika, akapigwa risasi, akaanguka, akafumbua kinywa: "Moja... mbili... tatu..." Mpaka saba. Akafa. Mazoea yana taabu! Na kurudia haikuwezekana. Seti ilishaanza kubomolewa.

Kujitilia sauti studioni Evaristo hajui, basi nikaitwa nimfunike kwa yangu. Mimi, nisiyenyamaza hata kanisani, nikasimama mbele ya maikrofoni nikashindwa. Nikamwambia Gualtiero aache vilevile. Watu watadhani anahesabu risasi zilizomo mwilini.

"Nazzareno, umelewa?"

"Bado."

Akaitazama tena picha, akamaliza kahawa yake, akaacha.

Siku ya onyesho Bi Quirina alikaa mstari wa mbele. Ilipofika "tatu" akasimama na fimbo yake: "Huyo! Huyo ndiye Evaristo wangu! Sauti ya baba yake kabisa!" Watu wakaanza kucheka. Akawageukia: "Hebu nyamazeni, mwanangu anaongea!"

Asante, Evaristo, kwa kunikopesha uso miaka yote hiyo. Chama kizima kinakuombea uzee mtamu, wa kufa mara moja tu, tena baadaye sana. Jumapili ukienda kula kwa mama, ongea mpaka uchoke. Mimi nimenyamaza.