Deusdedit Ntakirutimana na Pombe Yake Tamu ya Kasisi

Marehemu Deusdedit Ntakirutimana alizaliwa tarehe 14 Machi 1953 huko Ngozi, Burundi. Alisoma shule ya misheni hadi darasa la sita, akaacha shule baba yake alipofariki.

Mwaka 1974 aliajiriwa jikoni kwa mapadre wa Bugarama. Padri mmoja mzee, Mfaransa, alikuwa amepanda vichaka vya kasisi, tunda ambalo kwa Kifaransa huitwa cassis, katika baridi ya kule: matunda madogo, meusi, machachu. Alimfundisha marehemu kuyaloweka miezi kadhaa kwenye pombe kali, kuyachuja, kisha kutia sukari mpaka iwe nzito kama sharubati.

Mwaka 1981 alifunga ndoa na Julienne, wakajaliwa binti, Anaïs. Mwaka 1996, wakikimbia vita, walipoteana njiani. Aliwatafuta kambi hadi kambi bila kuwapata.

Alifika Durban Februari 2009, akapanga chumba mtaa wa Point na kupata kazi katika jiko la mkahawa mmoja wa mtaa wa Umbilo. Kila mwaka alinunua kasisi zilizogandishwa, akatengeneza pombe yake. Siku moja, nje ya kanisa, Mama Bernadette, muumini mwenzetu, alimuuliza akimwita mjomba kwa Kifaransa, "Tonton, nasikia uko na kasisi kwenye chupa?"

"Niko naye, mama. Mtamu sana!"

Watu walicheka, naye akacheka mpaka akafuta machozi. Hatukumwona tena akicheka hivyo.

Mwaka 2013 msafiri alimletea namba ya Julienne, aliyekuwa Kigoma pamoja na Anaïs. Marehemu alipiga simu akiwa Pinetown, karibu na Durban, nyumbani kwa mpwa wake Fabien, ambaye ndiye anayewasomea haya.

"Julienne, njoo. Chumba kipo."

"Baba Anaïs, tuliambiwa umekufa. Tulikulilia. Nimeolewa."

"Anakutunza?"

"Ananitunza."

"Basi, sharp," alisema, kama watu wa Durban wasemavyo "sawa", akamrudishia Fabien simu. Baadaye alimpa msafiri yule chupa moja awapelekee Julienne na mumewe.

Mwaka 2014 alipatikana na kisukari, akakatazwa vitu vitamu. Hakuacha kutengeneza pombe yake. Alibisha hodi kwa majirani, akiwaomba waonje na kumwambia ikoje. Kidonda cha mguu kilimlaza hospitali, akafariki asubuhi ya tarehe 9 Juni 2015, kabla ya saa za kutazama wagonjwa.

Ameacha binti yake Anaïs, wajukuu wawili ambao hakuwahi kuwaona, na Fabien na familia yake. Bi Julienne ameomba naye atajwe miongoni mwa wafiwa, na mume wake amekubali.

Mungu ampumzishe Deusdedit kwa amani, pasipo upweke.